Orodha ya vitabu vya historia ya mji: tukusanye vyote au tuchuje?

Anayeandaa orodha ya vitabu kuhusu historia ya mji mmoja hulazimika kuamua mapema: aingize kila kilichochapishwa, hata kijitabu cha kurasa 12 cha jubilei ya kanisa, au achague vinavyofaa tu na kuviandikia maelezo? Wakutubi wengi huegemea upande wa kwanza. Walimu, na watafiti wenye haraka, hupenda wa pili.

Hoja ya kukusanya vyote ni ya zamani. Mwanazuoni Conrad Gessner wa Zürich, alipotoa orodha yake ya vitabu, Bibliotheca universalis, mwaka 1545, aliingiza vitabu vya Kilatini, Kigiriki na Kiebrania alivyoweza kuvijua, vya wasomi na vya wasio wasomi, akawaachia wengine kazi ya kuchagua na kuhukumu. Kwa historia ya mji hoja hiyo ina uzito wa pekee, maana thamani ya chapisho la mtaani haionekani siku linapotoka. Ondoa hotuba katika kijitabu cha jubilei, utabaki na majina ya wazee wa baraza, picha ya jengo lililokwisha kubomolewa, na matangazo ya maduka yenye anwani zake. Mwanahistoria wa siasa hakihitaji. Anayefuatilia biashara za mtaa mmoja atakuta humo mambo ambayo vitabu vyenye jalada gumu havikuyagusa, na mchujaji wa leo hawezi kujua mtafiti wa miaka 40 ijayo atauliza nini.

Isitoshe, machapisho haya ndiyo hupotea kwanza. Huchapwa nakala chache na kugawiwa wanachama, mara nyingi bila ISBN, yaani namba ya kutambulisha kitabu. Namba hiyo yenyewe ilianza kuwa kanuni ya kimataifa mwaka 1970. Sheria za kuwasilisha nakala kwenye maktaba ya taifa zina mizizi katika amri ya Mfalme François I wa Ufaransa ya mwaka 1537, lakini chama cha mtaani mara nyingi hata hakijui kuwa kinahusika. Kwa hiyo kutafuta kwenye katalogi peke yake hakutoshi. Jina la mji nalo linaponza: Oslo iliitwa Christiania, baadaye Kristiania, hadi mwisho wa 1924, Saint Petersburg ikawa Petrograd mwaka 1914, Leningrad mwaka 1924, na kurudia jina lake mwaka 1991. Tafuta kwa kila jina na kila tahajia, kisha kwa jina la wilaya, mto na bandari.

Upande wa pili nao hausemi ovyo. Orodha inayomeza kila kitu humeza pia vitabu hewa: majina yaliyotangazwa na mchapishaji kuwa "yanaandaliwa" na hayakuchapwa kamwe, lakini yakanakiliwa kutoka orodha hadi orodha mpaka yakapata mwaka na idadi ya kurasa. Vingine huzaliwa kwa uzembe. Mtu ananakili jina lililo kwenye jalada, mwingine lile la ukurasa wa ndani, na kitabu kimoja kinageuka viwili. Ukurasa wa ndani ndio wa kufuata. Makala iliyochapwa upya kutoka jaridani huhesabiwa kitabu. Chapa ya tatu, ambayo ni maandishi yaleyale yaliyorudiwa mtamboni, huitwa toleo la tatu, kana kwamba mwandishi alirekebisha kitu.

Hata hivyo kasoro kubwa ya orodha ndefu ni kwamba wingi wake unadanganya. Vitabu vya miji vina tabia ya kunakiliana. Majina kumi yanayotaja mwaka uleule wa kuanzishwa kwa soko yaweza kuwa shahidi mmoja aliyerudiwa mara tisa. Kipimo chake ni makosa ya pamoja: vitabu viwili vikikosea jina la mtu kwa namna ileile, au vikiruka miaka ileile bila maelezo, basi kimoja kilimfuata mwenzake, au vyote viwili vilimfuata wa tatu. Hapa orodha iliyopangwa kwa alfabeti ya waandishi haisaidii kitu. Panga kila mada kwa mwaka wa kuchapishwa, na nani alimtangulia nani itaonekana bila kuhubiriwa. Alfabeti ibaki kwenye faharasa ya mwisho, pamoja na majina ya mitaa na majengo.

Maelezo basi ni ya lazima? Yana gharama. Kupitia kitabu cha kurasa 200 kwa kiasi cha kukiandikia maneno 50 ya kuaminika huchukua saa moja au mbili; kwa majina 400, hizo ni saa 400 hadi 800. Tena hukumu huzeeka, na katika mji mdogo mwandishi wa kitabu huenda ni mwenyekiti wa chama kinachogharimia orodha. Ndiyo maana sifa na lawama ni bora ziachwe kabisa. Maneno hayo 50 yaseme kitabu kinashughulikia miaka ipi, kimetegemea nyaraka, magazeti au masimulizi, kina ramani na faharasa au hakina, na sura ipi haipatikani kwingine. Msomaji atajihukumia mwenyewe.

Binafsi naona kukusanya kwa upana kunashinda, kwa sharti moja lisilolegezwa: kila ingizo lionyeshe kama mwandaaji amekishika kitabu mkononi. Asichokiona akitie alama ya nyota na kutaja alikosoma habari zake. Alichokiona akiandikie idadi ya kurasa pamoja na zile za Kirumi za mwanzoni (viii + 164), na maktaba ilipo nakala. Kisicho na mwaka kipewe makisio ndani ya mabano ya mraba, [1958?], yakitokana na ushahidi kama vile viongozi waliotajwa au bei zilizo kwenye matangazo. Mhuri wa maktaba huonyesha tu kwamba kitabu kilikwisha kuwapo siku hiyo. Chaweza kuwa kikongwe zaidi.

Mipaka iwekwe kabla ya ingizo la kwanza: eneo, kwa kuwa miji hupanuka na kumeza vijiji, na mwaka wa kufungia. Mradi wa Victoria County History wa Uingereza, ulioanza 1899 kuandika historia ya kila kaunti, haujakamilika hadi leo. Orodha ya mji ikisubiri ukamilifu wa namna hiyo haitatoka.

Ikishatoka, hasa mtandaoni, namba za maingizo zisipangwe upya. Nyongeza iingie kama 214a, na kitabu hewa kinachofutwa kiachiwe namba yake na neno moja la sababu. La sivyo, tanbihi ya aliyekwisha kunukuu namba 214 itamwelekeza msomaji kwenye kitabu kingine.