Jina Lililo Kwenye Hati Lisifunge Mjadala

Niliwahi kukaa katika chumba cha mahakama nikisikiliza shauri la wanandoa waliotengana. Mume alieleza kwa kiapo kwamba hana nyumba, na kwamba kwa miaka yote ile walikuwa wakiishi katika nyumba ya kaka yake. Na ni kweli kwamba hati ilikuwa na jina la kaka. Kaka huyo alipododoswa, hakuweza kumtaja aliyemuuzia kiwanja, wala fundi aliyepaua. Mke, kwa upande wake, alitoa daftari la shule lililochakaa pembeni, ambamo alikuwa ameandika kwa kalamu ya risasi kila mfuko wa saruji ulioshushwa na tarehe yake. Sijalisahau daftari lile.

Msimamo wangu ni kwamba, mwanandoa akishaonyesha kwa ushahidi wa kuaminika kuwa fedha au jasho la ndoa limeingia katika mali fulani, mwenye jina kwenye hati ndiye anayepaswa kueleza aliipataje na kwa fedha gani. Kumwachia mzigo wote wa uthibitisho mtu ambaye jina lake liliachwa makusudi ni kumtaka athibitishe jambo ambalo nyaraka zake zimo mikononi mwa wapinzani wake.

Sheria nyingi za ndoa hazisaidii sana hapa, kwa sababu zimeandikwa kana kwamba mali haitoki nje ya wawili hao. Sheria ya Ndoa ya Tanzania ya mwaka 1971, katika kifungu cha 60, inachukulia kwamba mali iliyopatikana wakati wa ndoa kwa jina la mmoja ni yake peke yake mpaka ithibitishwe vinginevyo, ilhali sheria ya Kenya ya mwaka 2013 kuhusu mali za wanandoa inachukulia kwamba aliyeandikwa anaishikilia kwa amana ya mwenzake, yaani jina ni lake lakini anaitunza kwa faida ya mwenzake. Dhana hizi mbili zinapingana, lakini zote zinazungumzia jina la mume au la mke. Jina likiwa la kaka, la mama mkwe au la kampuni, mdai anarudi kwenye kanuni za jumla za amana: nani alilipa, kwa nia gani, na nani aliitumia mali hiyo kama mwenyewe.

Ndiyo maana naliona shauri la Prest dhidi ya Petrodel, lililoamuliwa na Mahakama ya Juu ya Uingereza mwaka 2013, kuwa la maana sana. Nyumba saba zilikuwa katika majina ya kampuni zilizodhibitiwa na mume, naye pamoja na kampuni hizo hawakutoa maelezo ya kweli waliyotakiwa kuyatoa. Mahakama haikuona sababu ya kuufuta utu wa kisheria wa kampuni, yaani hali ya kampuni kuhesabiwa kuwa mtu tofauti na anayeidhibiti. Badala yake iliamua kwamba kampuni zilizishikilia nyumba hizo kwa amana ya mume, na ukimya wao ulihesabiwa dhidi yao. Hapo ndipo ninapotaka mahakama nyingine zifike.

Sisemi kwamba kila mwenye jina ni kivuli tu. Wapo ndugu walionunua kwa jasho lao na kuwakaribisha wanandoa kwa wema, na ni dhuluma nyumba yao ikigawanywa katika talaka ya watu wengine. Kwa hiyo mwenye jina aunganishwe katika shauri mapema na asikilizwe, kwa kuwa amri iliyotolewa bila yeye kuwapo inaweza kutenguliwa, na mke akalazimika kuanza upya akiwa amekwisha kuishiwa fedha na nguvu.

Zaidi ya hayo, ombi la zuio lipelekwe pamoja na madai yenyewe, si baada ya miezi. Kaka anayejua kwamba daftari lipo anaweza kuiuza nyumba wakati tarehe za kusikilizwa zinaahirishwa, na mnunuzi aliyelipa kwa nia njema, bila kujua mgogoro uliopo, mara nyingi hulindwa na sheria. Hapo daftari litathibitisha kila mfuko wa saruji, lakini mke atakuwa akidai fedha kwa mtu ambaye huenda amekwisha kuzitumia.