Dick Miller: alipunjwa, au alichagua mwenyewe?

Sura ya Dick Miller, mwigizaji wa filamu wa Marekani, wengi wanaifahamu, jina hawalijui. Wapo wanaosema alipunjwa nafasi kubwa, na wapo wanaosema alichagua mwenyewe zile ndogo. Ni yule muuza bunduki wa The Terminator (1984): anapanga silaha kaunta, anachangamka kwa mauzo manono, anaeleza kuwa bastola husubiriwa siku 15 ila bunduki ndefu mteja anaondoka nazo leo. Akigeuka kidogo, mteja keshaweka risasi. Ni onyesho fupi mno, lakini muuzaji yule ni mtu kamili mwenye tabia zake.

Mzaliwa huyu wa Bronx, New York, alifika Hollywood akitaka kuandika. Roger Corman, bingwa wa filamu za gharama nafuu, alikuwa na shida ya waigizaji, si waandishi, basi Miller akawa mwigizaji. Mwaka 1959 akapewa nafasi ya steringi katika A Bucket of Blood: Walter Paisley, mhudumu wa mkahawa anayedharauliwa, anayeishia kuua ili aitwe msanii. Filamu ilipigwa kwa siku tano tu, na Miller aliibeba mabegani.

Wanaosema alipunjwa huanzia hapo. Baada ya kazi ile, miaka nenda rudi alipewa madereva, walinzi na wauza duka.

Wengine hujibu kwamba alijitakia. The Little Shop of Horrors (1960) ilipokuja, aliikataa nafasi kuu kwa kuwa ilifanana mno na Paisley, akamcheza mteja anayekula maua. Isitoshe, hakukosa kazi kwa zaidi ya nusu karne, televisheni ikiwemo: katika Fame alikuwa Lou, mwenye ukumbi wa bowling. Ni waigizaji wangapi wakuu waliodumu hivyo?

Hoja hiyo naiheshimu, lakini hainitoshi. Kukataa nafasi moja si kuapa kubaki pembeni maisha yote. Waongozaji waliokua wakimtazama, Joe Dante akiwa wa kwanza, walimpenda kweli na kumpa riziki. Ila mara kadhaa waliwapa wahusika wake jina lilelile la Walter Paisley, ili mashabiki watabasamu. Heshima ile ilimfungia palepale alipoanzia.

Dante huyohuyo ndiye aliyemfungulia kidogo. Katika Gremlins (1984) Miller ni Futterman, jirani mlalamishi. Katika Gremlins 2 (1990) anarudi akiwa na hofu ya viumbe waliomshambulia katika filamu ya kwanza, kisha anajikaza na kupambana. Alikuwa ameshavuka miaka 60, na kipaji kilikuwa bado kizima.