Hum Log: Bhagwanti alipowaponyoka waalimu wake

Jioni ya tarehe 7 Julai 1984, Doordarshan, runinga ya taifa ya India, ilirusha sehemu ya kwanza ya Hum Log, yaani "Sisi Watu". Nchi hiyo haikuwa imewahi kuonyesha tamthilia ndefu ya namna ile. Chaneli ilikuwa moja tu. Familia iliyobishia hodi watazamaji haikuwa ya kitajiri: Basesar Ram, baba mlevi, mkewe Bhagwanti, watoto watano na wazazi wa mume, wote wamebanana nyumba moja. Kijana mkubwa hana kazi. Badki, binti mkubwa, hajaolewa. Chhutki, binti mdogo, anataka kuwa daktari.

Mbegu yake ilitoka Mexico. Huko Miguel Sabido alikuwa ametunga tamthilia za kufundisha jamii, na Vasant Sathe, waziri wa habari na utangazaji wa India, alizipenda alipozuru nchi hiyo. Lengo la kwanza la Hum Log likawa uzazi wa mpango, na kalamu akakabidhiwa Manohar Shyam Joshi. Sehemu 13 za mwanzo ziliandikwa kwa mkono wa mwalimu, na watazamaji hawakuzichangamkia. Ndipo uzazi wa mpango ukarudishwa nyuma, ikaja mbele hadithi yenyewe: ulevi, mahari, hadhi ya mwanamke, vijana na ndoto zao.

Hapo ndipo ubishi unapoanzia. Wapo wanaoona kwamba serikali ilisalimu amri. Chombo kilikuwa cha umma, na tatizo lililokusudiwa lilikuwa kubwa. Tena mdhamini alikuwa kampuni iliyokuwa ikitafutia soko tambi za Maggi, na kampuni hailipii matangazo ili watu wahesabu watoto wao. Hoja hii ina uzito. Fedha za mdhamini zinapoingia, idadi ya watazamaji inageuka kipimo cha kila kitu.

Hata hivyo naona Joshi alifanya sawa. Mtu aliyerudi kazini amechoka hakai mbele ya runinga kusikiliza hotuba ya zahanati. Akimpenda Badki kwanza, atamfuata popote mtunzi atakapompeleka. Na Wahindi walimpenda kwelikweli. Tamthilia ilipata watazamaji wapatao milioni 50 na barua laki kadhaa. Nyingi zilikwenda kwa Ashok Kumar, mwigizaji mkongwe wa filamu, ambaye mwishoni mwa kila sehemu alitokea kwa nusu dakika hivi, akazungumza na watazamaji kama babu na wajukuu juu ya yaliyotokea, kisha akaaga kwa kuitaja Hum Log katika lugha mbalimbali za India.

Lakini Bhagwanti ananisumbua. Anapika, anahudumia, anasemwa na mama mkwe, anafokewa na mume anayeyumba kwa pombe, naye anameza. Watunzi walimweka awe onyo: mwanamke asikubali kuishi hivi. Watafiti walipowauliza watazamaji ni mhusika gani wangependa kumwiga, wengi, wanawake wakiwemo, walimtaja yeye. Walimwona mvumilivu, mama wa kweli, nguzo ya nyumba. Machozi yaliyokusudiwa kuamsha hasira yakazaa heshima, na maneno ya Ashok Kumar hayakutosha kuigeuza.

Wanaotaka mafunzo yasemwe waziwazi wana haki ya kunyoosha kidole hapa. Mimi silaumu hadithi kwa kushinda mafunzo. Naona hadithi yenyewe haikufika mbali vya kutosha. Kanuni ya Sabido inataka awepo mhusika wa katikati, anayeanza na mashaka, akabadilika hatua kwa hatua, na mabadiliko yakamlipa mbele ya macho yetu. Bhagwanti hakupewa njia hiyo. Alipewa huruma, na mtazamaji akampa pole, akampa na sifa.

Kanuni hiyohiyo ilifika Tanzania mwaka 1993, Radio Tanzania ilipoanza kurusha mchezo wa Twende na Wakati. Dodoma haikurushiwa hadi 1995, ili watafiti wapate mahali pa kulinganishia. Mkwaju, dereva wa lori, ana wapenzi njia nzima, na mwishowe UKIMWI unampata. Lakini anayenivutia ni Tunu, mkewe. Anavumilia, ndiyo, mwanzoni kama Bhagwanti. Kisha anachoka, anamwacha mume, anasimama kwa miguu yake, na msikilizaji yuko naye katika kila hatua. Hakuna babu aliyehitajika kutueleza tuheshimu lipi kati ya kuvumilia kwake na kuondoka kwake.