Carel Struycken na Ngeli ya Jitu

Kiswahili kina njia ya mkato ya kumtoa mtu katika ngeli ya watu: ukimwita jitu, umemkuza na papo hapo umemshusha. Neno hilo hunijia kila ninapomtazama Carel Struycken, mwigizaji Mholanzi mwenye urefu wa mita 2.13 ambaye kwa zaidi ya miaka 40 amekuwa akipewa uhusika wa majitu, mazimwi na watumishi wasiosema, na ambaye, kwa maoni yangu, amewarudisha karibu wote katika ngeli yao ya asili.

Alizaliwa The Hague mwaka 1948, akakulia katika kisiwa cha Curaçao, akarudi Uholanzi akiwa kijana, akasomea filamu Amsterdam, kisha akaendelea na masomo Los Angeles. Nayasisitiza masomo hayo kwa sababu wengi humzungumzia kana kwamba aliokotwa barabarani. Ni kweli kwamba alianza kuigiza katika filamu ya mwaka 1978 baada ya mwanamke mmoja kumwona Hollywood na kuliacha gari lake katikati ya njia ili amkimbilie. Lakini aliyekimbiliwa alikuwa mtu aliyekwisha kujifunza jinsi kamera inavyoona.

Itazame kazi ya utumishi, ambayo amepewa mara tatu. Mwaka 1987 alikuwa Fidel, mtumishi wa shetani aliyeigizwa na Jack Nicholson katika The Witches of Eastwick. Mwaka huohuo, katika tamthilia ya Star Trek: The Next Generation, akaanza kuwa Homn, anayembebea mizigo Lwaxana Troi, bibi mwenye maneno mengi na uwezo wa kusoma mawazo ya wenzake. Mwaka 1991 akawa Lurch, mtumishi wa familia katika filamu ya The Addams Family, ambaye lugha yake ni kuguna. Mwigizaji mvivu angetumia uso mmoja kwa wote watatu. Homn wa Struycken hunywa glasi baada ya glasi kwa utulivu wa mtu aliye nyumbani kwake, na sentensi pekee anayoitamka katika tamthilia nzima ni ya kushukuru kwa vinywaji; unaisikia na kutambua kwamba kimya chake chote kilikuwa cha hiari. Lurch ni mzito zaidi, mchovu kidogo, na mguno wake hubeba subira ya mtu aliyeilea familia ya vichaa na kuipenda.

Hata hivyo, kazi yake kubwa kuliko zote ni ile ya tamthilia ya Twin Peaks. Katika kipindi kinachofungua msimu wa pili, mwaka 1990, mpelelezi Cooper amepigwa risasi na amelala sakafuni, ndipo mtu mrefu mno anapomtokea katika mwanga na kumwambia mambo matatu. Hati ingeweza kabisa kuigizwa kwa vitisho. Struycken anainama polepole, anazungumza kama anayemhurumia mgonjwa, na hata anapomvua Cooper pete anaonekana kama mzee wa ukoo anayeweka amana. David Lynch, mwongozaji wa tamthilia hiyo, alimrudisha mwaka 2017, Struycken akiwa anakaribia umri wa miaka 70, na upole ule ulikuwa umekomaa tu.

Nina kinyongo na tasnia ya filamu kwa jambo moja. Mtu aliyeweza kuonyesha huruma kiasi hicho alistahili angalau filamu moja kama mwalimu, hakimu au babu wa mtu, ambamo hakuna anayeshtuka anapoingia chumbani. Badala yake, mwaka huohuo wa 2017 alipewa tena kiumbe wa gizani, katika filamu ya Gerald's Game, anayesimama kwenye kona ya chumba alimofungwa pingu mwanamke aliye peke yake. Anatisha kweli, na anatisha kwa kutofanya karibu chochote. Kisha, mwishoni, mwanamke huyo anamfuata mahakamani, anamkazia macho na kumwambia kwamba ni mdogo sana kuliko alivyomkumbuka. Nimeirudia sehemu hiyo mara nyingi, nikimwangalia Struycken tu: pale kizimbani urefu wake ni uleule wa kona ya chumba, na bado unayemwona mbele yako ni mtu.