Shoti 30 za Fred Kelemen

Shoti 30, yaani vipande 30 vilivyopigwa bila kukata, katika dakika 146. Hesabu hiyo ndiyo inayowagombanisha wapenzi wa filamu kila anapotajwa Fred Kelemen, mzaliwa wa Berlin Magharibi aliyeshika kamera katika A torinói ló (Farasi wa Turin) ya mwongozaji wa Hungaria Béla Tarr, filamu iliyopata tuzo ya Dubu wa Fedha kwenye tamasha la filamu la Berlin mwaka 2011. Ukigawanya, kila shoti inakaribia dakika 5. Wanaomponda husema hapo hakuna ufundi: kamera imewashwa, imeachwa mbele ya baba na bintiye wanaokula viazi, basi.

Wana hoja ya haki. Shoti ndefu hazikuanza na Kelemen; Sátántangó ya Tarr ya mwaka 1994, yenye zaidi ya saa 7, ilipigwa na Gábor Medvigy. Tena mtu akichoka amechoka, si haki kumwita hajui sanaa. Ila mwaka huohuo Kelemen naye alitoa Verhängnis, filamu aliyoiongoza mwenyewe na kuipiga kwa video, inayofuata watu waliopotelewa katika usiku wa Berlin, nayo haina haraka ya kukata. Alikuja kwa Tarr na jicho lake tayari.

Neno ninalolikataa ni hilo "imeachwa". Kasha la futi 1,000 za utepe wa filamu wa milimita 35 huisha kwa dakika 11 hivi, na mguu ukiteleza dakika ya nne mnarudia tangu mwanzo. Shoti ya kwanza ya A torinói ló inaanza chini, karibu na kichwa cha farasi anayepambana na upepo. Kamera inarudi nyuma hadi kwenye mkokoteni, inapanda usoni kwa mzee, inamrudia mnyama. Kazi ya mkasi wa mhariri inafanywa na mwendo wa kamera.

Halafu ule mlo. Hadithi inakwenda siku kwa siku, na siku ya kwanza tunamwona baba tu. Mkono mmoja umelemaa, kwa hiyo anakimenya kiazi cha moto kwa vidole vya mkono uliobaki, anapuliza, anabugia, anaacha nusu. Siku ya pili chakula ni kilekile, lakini sasa kamera iko kwa binti, anayedonoa polepole. Mhariri wa kawaida angetuonyesha nyuso zote mbili ndani ya sekunde 20. Hapa unangoja kutwa nzima ujue jana msichana alikuwa katika hali gani, na ukishamwona, unaurudia mlo wa jana kichwani na kuuona upya. Ndiyo maana naziona dakika 5 zile kuwa chache.

Siku ya tano taa ina mafuta lakini haiwaki. Siku ya sita Kelemen anawabakizia mwanga wa kuonyesha paji la uso na ukingo wa meza. Viazi ni vibichi. Baba anakitafuna chake, kinasikika kikivunjika, anamwambia binti kwamba lazima wale. Binti hakigusi, na mwanga unaendelea kupungua.