Uso Tunaoujua, Jina Tusilolijua

Wapo waigizaji ambao ukiwaona tu unajua umeshawaona, pengine mara kumi, lakini ukiulizwa majina yao unabaki kukuna kichwa. Huyu alikuwa hakimu kule, kwingine daktari, kwingine jirani mwenye hasira. Kuna wanaoiita kazi hiyo bahati, na kuna wanaoiona kama ustaa uliokwama njiani.

Wanaoiita bahati wana hoja. Staa akiangusha filamu mbili mfululizo, simu hupungua. Mwigizaji wa nafasi za pembeni habebi lawama hiyo, na uzee haumfukuzi kazini. Mmarekani Harry Dean Stanton alianza miaka ya 1950 akaigiza hadi alipofariki mwaka 2017, na nafasi kuu iliyompa heshima, ile ya filamu Paris, Texas ya 1984, aliipata akikaribia miaka 60. Mchambuzi Roger Ebert alimwekea kanuni yeye na M. Emmet Walsh: filamu yenye mmoja wao katika nafasi ya pembeni haiwezi kuwa mbovu kabisa.

Ila anayenishawishi zaidi ni John Cazale. Alicheza filamu ndefu tano tu kabla saratani haijamwondoa mwaka 1978, akiwa na miaka 42, na zote tano ziliteuliwa kuwania Oscar ya filamu bora. Mtazame katika The Godfather, filamu ya familia ya wahalifu ambamo ni mmoja wa wana, baba yake anapopigwa risasi barabarani. Bastola inamponyoka, mikono haijui ishike nini, kisha anaketi pale chini na kulia kama mtoto. Unyonge ule wa dakika moja ndio unaotueleza kwa nini familia ile haitamkabidhi chochote. Mastaa wengi wangesita kuonekana hivyo. Yeye mwenyewe hakuteuliwa hata mara moja.

Na hapo ndipo upande wa pili unapoanzia. Heshima kwa watu hawa imekuwa ya mkono mfupi tangu zamani. Oscar ya mwigizaji msaidizi ilianza na filamu za 1936, na kwa miaka kadhaa ya mwanzo mshindi alipewa kibao, si sanamu kamili kama wenzake wa nafasi kuu. Mwigizaji Thelma Ritter aliteuliwa mara sita, akarudi nyumbani mikono mitupu mara zote sita. Lipo pia tatizo la kugandishwa: ukicheza polisi vizuri, wanaokuita baadaye wanakuletea polisi mwingine. Hili mimi silioni kuwa zito sana, kwa sababu mwenye kipawa hupata njia ya kumfanya polisi wa kumi awe mtu tofauti na wa tisa.

Zito ni pesa. Enzi za studio kubwa za Hollywood waigizaji wengi wa namna hii walikuwa na mkataba na mshahara wa kila wiki. Baadaye televisheni ikaleta malipo ya marudio: kipindi kikirushwa tena, mwigizaji anapata chochote, na chochote hicho ndicho kilichomvusha miezi isiyo na kazi. Huduma za kutazama kwa intaneti zimekibana. Misimu ya tamthilia imekuwa mifupi, mara nyingi vipindi 8 au 10 badala ya 22, na malipo ya marudio yameshuka. Ndiyo sababu mojawapo ya mgomo wa waigizaji wa Marekani mwaka 2023, uliodumu siku 118.

Kwa hiyo naungana na wanaosifu sanaa hii, ila nakataa sifa hizo zinapotumika badala ya ujira. Mgomo ule ulileta bonasi, lakini kwa tamthilia au filamu ya intaneti itakayotazamwa na idadi inayolingana na asilimia 20 ya wateja wa huduma hiyo nchini Marekani ndani ya siku 90 za mwanzo. Aliyecheza hakimu kwa dakika nne katika tamthilia ndogo ana nafasi finyu ya kuigusa.