Amri ya mahakama ina jina la nani?

Mjomba wangu wa Kinyerezi aliamka siku moja akakuta ukuta wa nyumba yake umechorwa X nyekundu. Akatafuta wakili, wakafungua kesi, jaji akatoa zuio: pasiguswe kitu mpaka shauri lisikilizwe. Nakala akaipeleka mwenyewe kwenye ofisi husika, ikagongwa mhuri. Wiki iliyofuata tingatinga likaja. Akanipigia huku Johannesburg, kishindo nakisikia nyuma ya sauti yake: "Mjomba, karatasi ya jaji ninayo mkononi, na huyu dereva anasema yeye katumwa tu."

Katumwa na nani? Swali hilo halijaniacha mpaka leo.

Ninakoishi si peponi. Juni 2015 mahakama ya Pretoria iliamuru Omar al-Bashir, rais wa Sudan wakati huo, asitoke nchini; ndege yake ikaruka kesi ikiendelea. Julai 2021 nilijifungia ndani siku kadhaa baada ya Jacob Zuma, rais wa zamani wa Afrika Kusini, kupelekwa gerezani kwa miezi 15 kwa kudharau Mahakama ya Katiba. Maduka yaliporwa, watu zaidi ya 300 wakafa, na yeye akatolewa kwa sababu za kiafya hata miezi mitatu haijatimia.

Lakini hukumu ninayoitamani kwetu haikumfunga mtu. Mwaka 2018 Mahakama hiyohiyo ya Katiba ilimwamuru aliyekuwa waziri wa ustawi wa jamii, Bathabile Dlamini, alipe asilimia 20 ya gharama za kesi kutoka mfukoni mwake, kwa namna alivyoshughulikia malipo ya ruzuku za wazee na watoto. Mfukoni mwake, si hazina! Jirani yangu bibi mmoja anayepokea ruzuku ile analitaja jina la waziri huyo mpaka leo.

Dar, ukitaka kuishtaki Serikali unatoa kwanza notisi ya siku 90. Ukishinda, kukazia hukumu, yaani kuifanya itekelezwe, ndipo pagumu. Dalali wa mahakama anaweza kubeba friji ya mdaiwa wa Manzese akainadi, ila mali ya Serikali haikamatwi, na tangu 2020 kinga hiyo imefika hadi halmashauri. Sababu naielewa, maana hakuna anayetaka gari la wagonjwa la Temeke lipigwe mnada. Basi kama mali haishikiki, ashikike mtu: amri imtaje afisa kwa jina na cheo, na asipotii, aje kizimbani yeye mwenyewe aeleze.

Angalieni shauri la Rebeca Gyumi, mwanaharakati wa haki za wasichana. Mwaka 2016 Mahakama Kuu ilisema vifungu vya 13 na 17 vya Sheria ya Ndoa, vinavyohusu kuozwa kwa wasichana walio chini ya miaka 18, vinakiuka Katiba, ikaipa Serikali mwaka mmoja virekebishwe. Serikali ikakata rufaa, ikashindwa Oktoba 2019. Binti aliyekuwa na miaka 11 siku Serikali iliposhindwa rufaa alitimiza 15, umri ambao sheria inaruhusu aozwe, kifungu kikiwa palepale. Na Ibara ya 107A ya Katiba yetu inasema mwenye kauli ya mwisho katika utoaji haki ni Mahakama.

Nilipokwenda likizo mjomba alinitolea ile nakala, ameitia kwenye nailoni. Mhuri unasomeka vizuri: IMEPOKELEWA, na tarehe. Chini yake kuna sahihi tu, bila jina, nasi tuliigeuza kwenye mwanga wa dirisha tukashindwa kuisoma.